Nyuzi Tano Zilizorudi

Wewe uliyekaa kwenye lile benchi refu la hospitali, mkono umefungwa kitambaa na vidole havikusikii, nakuandikia wewe. Ya kitabibu sitakueleza, hayo wenyewe wapo. Nitakueleza habari za mkono wangu wa kulia, jinsi ulivyolala zaidi ya miaka ishirini, na nani aliyeulaza. Nilisema nitangoja hasira zipoe ndipo niandike. Hazijapoa, kwa hiyo utanivumilia.

Jina langu ni Mwajuma. Kabla ya vita nilikuwa mshonaji hapa Kindu, mtaa wa Kasuku, na bibi harusi wengi wa mji huu walitoka kwao wamevaa kazi yangu. Nilikuwa na cherehani ya kukanyaga kwa mguu, lakini shingo na pindo nilimalizia kwa mkono. Nilikuwa na desturi moja ambayo fundi aliyenifundisha alinitesa nayo mpaka ikaniingia damuni. Kabla ya kazi ya mkono, unakata nyuzi zote utakazohitaji, kila moja urefu wa mkono, unazihesabu na kuzilaza mezani. Kazi ikiisha unahesabu zilizobaki. Ukiona zimebaki nyingi, ujue kuna mahali hukushona.

Kumbuka hilo la mwisho. Mimi nililisahau siku niliyolihitaji.

Ilikuwa miaka ile mji ulipozingirwa. Treni ilikuwa imenyamaza, chumvi tuliipima kwa kijiko cha chai, na makabati ya dawa yalikuwa na vumbi tu. Asubuhi moja risasi zilianza kulia, tukakimbia wote. Nilimpitisha binti yangu Zaina, wa miaka miwili, juu ya ua wa mabati akapokelewa na jirani, kisha nikashika ukingo wa bati nipande nami. Bati lilikuwa limechanika. Nilipotua upande wa pili, kiganja kilikuwa wazi chini ya kidole cha shahada na kile cha kati, na vidole hivyo viwili vilikuwa vimenyooka tu. Nilivifokea vikunjike. Havikukunjika. Maumivu yalikuja baadaye.

Kaka yangu mkubwa, Yaya Ramazani, alikuwa muuguzi. Kwetu mkubwa wako humwiti kwa jina tupu, unamwita yaya, na huyu alistahili, kwa maana baba alipofariki yeye ndiye aliyetulea. Alikuja mbio na mfuko wake. Alikitazama kile kiganja, akakigeuza kwenye mwanga.

"Mishipa imekatika," akasema. "Lakini usiogope, nitashona. Uzi ya hospitali haiko tena. Ile yako ya nailoni iko?"

"Iko."

"Waichemshe."

Hiyo mishipa aliyoisema ni zile kamba za ndani zinazokunja vidole, ambazo madaktari huziita kano. Damu ikinitiririka hivyo hivyo, nilimwelekeza mama akate nyuzi nane nyeupe. Nilipiga hesabu ya kifundi: kano za vidole viwili ndani, ngozi juu, nane zitafika. Yaya alinichoma sindano ya ganzi, akanifunika uso kwa kikwembe, kitenge cha mama, akaanza kazi. Mama alisimama mlangoni akiwaambia majirani, "Mutoto wangu iko na bahati. Yaya yake njo munganga." Yaani kaka yake ndiye tabibu.

Niliposhushiwa kikwembe, mkono ulikuwa umefungwa kwenye kibao.

"Nimeshona ndani, nimeshona na inje," Yaya alisema. "Wiki sita usiguse kitu."

Kwenye sufuria zilibaki nyuzi tano. Nilizihesabu kwa mazoea. Unajua niliwaza nini? Niliwaza kwamba Yaya amebana matumizi, uzi wakati wa vita ni mali, na ana mkono mwepesi kuliko wangu. Nikamsifu! Nilimwambia mama azikaushe, nikazitia kwenye kopo dogo la peremende, nikazitunza kama mtu anavyotunza zawadi. Mimi niliyejua kwa jicho kwamba nyuzi tatu zinatosha ngozi peke yake, nilishindwa hesabu ya mtoto wa shule kwa sababu mshonaji alikuwa kaka yangu.

Wiki ya tatu mvua zilikuwa zimeanza, tunapika ndani. Maji ya ugali yalikuwa yanachemka na Zaina akawa anakimbilia kwenye mafiga. Mkono wangu wa kushoto ulikuwa umeshika mwiko. Nilimdaka kwa ule wa kulia, kibao na vitambaa vyote, nikamvuta. Hakuungua hata kidogo. Lakini nilisikia kitu kinaachia mle kiganjani, au nilidhani nimesikia.

Nilienda kwa Yaya nikilia, nikamweleza. Alinitazama kwa muda mrefu. Nakumbuka mabega yake yalishuka, nikadhani ni kwa huzuni.

"Basi njo ile," akasema. "Umekata kazi yangu yote, Mwajuma."

Hivyo ndivyo ilivyokuwa. Kibao kilipotolewa vidole vilibaki vimenyooka, na sababu ilikuwa inajulikana mtaa mzima. Mama alisema sikuwa na masikio tangu utotoni. Mume wangu alisema mke asiyefuata masharti ya munganga atafuata ya nani, na baadaye alikwenda Kalima kuchimba madini, akapata huko mke mwenye mikono miwili. Sikumlaumu sana. Mkono wa kulia usioweza kufumba hauwezi mkasi, hauwezi sindano, hauwezi kukamua nguo wala kushika kisu cha kukatia sombe, yale majani ya muhogo. Niliacha kushona nikawa muuza nyuzi na vifungo sokoni, nawakatia wenzangu uzi wa nguo ambazo ningezishona vizuri kuliko wao. Wakija kunionyesha mishono yao nilikuwa natabasamu kwa meno tu.

Lakini lililonila zaidi lilikuwa la Zaina. Watu hawana adabu mbele ya watoto. Alianza kulisikia kabla hajajua maana yake: "Njo weye uliua mukono ya mama yako." Wengine walilisema kwa utani, wakimpa na andazi. Mtoto hakulichukua kiutani. Alipofika miaka mitano alikuwa anachota maji kwa kidumu kinachomzidi. Alipofika saba ndiye aliyekuwa akinifunga kitambaa cha kichwa. Sikumbuki lini niliosha sahani ndani ya nyumba yangu. Ukinyoosha mkono kwenye sufuria, yeye ameshafika. Aliolewa, akakubali kwa sharti kwamba wajenge uani kwangu. Na mimi, kwa nini nifiche, sikuwahi kumwambia hata mara moja kwamba si kosa lake. Niliona kosa ni letu wawili, nikanyamaza.

Yaya alinipa mazoezi. Kila asubuhi, alisema, shika hivyo vidole viwili kwa mkono wa kushoto, uvikunje mpaka viguse kiganja, uviachie, mara hamsini. Nilifanya. Nilifanya siku ya msiba wa mama, nilifanya nikiwa na homa. Nilikuwa nalipa dhambi, ndivyo nilivyoona. Na kila niliposikia kuna daktari mpya amefika mjini baada ya vita, nilimuuliza Yaya, naye alinijibu vilevile: "Usiende. Wale wakiona kidole ya namna hii, wanakata."

Zaina ndiye aliyenipeleka. Alisikia redioni kwamba amekuja mpasuaji wa mikono na miguu, akaniwekea nguo kitandani, akaita pikipiki mbili. "Mama, wakitaka kukata tutakimbia," alisema. "Miguu iko mizima."

Tulikaa kwenye benchi hilo ulilokalia tangu saa moja asubuhi hadi jua la utosi. Mbele yangu alikaa mchimba dhahabu mmoja kutoka mji wa Kama, mguu wake uko ndani ya plasta, kidole gumba kinatazama chini. Beleshi la mwenzake lilikuwa limemkata ile kamba nene ya nyuma ya kisigino, wakamshona. Alikuwa na karanga, na aliponiona nahangaika na maganda kwa mkono mmoja, akawa ananimenyea yeye, moja yangu moja yake, bila kuuliza kitu. Tulikutana pale mara nyingi baadaye. Sikuwahi kumjua jina, lakini katika dua zangu huwa yumo.

Daktari alikuwa kijana, mtu wa Kasai, sauti ya chini. Alivishika vile vidole, akavikunja, vikakunjika vyote laini. Akanitazama.

"Mama, viungo hivi amekuchungia nani? Ningevikuta vimekauka, ningekurudisha nyumbani leo hii."

"Yaya yangu," nikasema, na nilisema kwa fahari.

Alinieleza kwamba patakuwa na upasuaji wa mara mbili. Mara ya kwanza angefungua, aone kilichobaki, aweke mpira mwembamba na laini pale kano ilipokuwa, ili mwili utengeneze njia kuuzunguka. Tungengoja miezi mitatu. Mara ya pili angeuvuta ule mpira, apitishe kwenye njia hiyo kano mpya aliyoichukua mahali pengine mwilini mwangu, pasipoihitaji. Nilimuuliza atazishona vipi. Nadhani hakuwahi kuulizwa hilo. Alichukua karatasi akachora: uzi unaingia kwenye ncha ya kano, unakwenda ndani, unashika ukingo ili usiteleze, unavuka hadi ncha ya pili, unarudi, na fundo linafichwa katikati pale ncha zinapokutana. Juu yake anazungusha mshono mwembamba, ili pawe laini, pasikwame njiani. Na kule mkononi ambako kano mpya inaungana na ile ya zamani, anatoboa moja na kupitisha nyingine ndani yake, mara mbili, mara tatu, kama mtu anayesuka ukili wa mkeka. Niliitazama ile karatasi nikaona huyu ni fundi. Nikasema sawa.

Upasuaji wa kwanza ulikuwa katikati ya mvua. Walinichoma ganzi kwapani, mkono ukafa, lakini mimi nilikuwa macho nyuma ya pazia. Mvua ilikuwa inapiga bati. Baada ya muda daktari aliuliza, "Mama, nani alishona hapa?"

"Yaya yangu. Wakati ya vita."

"Alishona ngozi."

"Na ndani. Alishona ndani, njo mimi niliikata nikivuta mutoto."

Nilisikia vyuma vikiguswa. "Ndani hakuna uzi, Mama. Nimetafuta. Ncha zimejificha huku na huku, hazijawahi kuguswa na sindano. Labda uzi wake ulioza?"

"Ilikuwa nailoni," nikasema. "Nailoni haiozi, dokta. Mimi njo ninaiuza."

Nilisema hivyo, na papo hapo nikaziona zile nyuzi tano ndani ya sufuria, nyeupe. Nililia nyuma ya lile pazia mpaka muuguzi akadhani ganzi imeisha. Kilichoniuma kilikuwa zaidi ya mkono. Nilikuwa namwona Zaina wa miaka mitano, kidumu kichwani.

Sikumwambia Zaina. Niliona mdomo uliotia uongo ule ndio unaopaswa kuutoa. Nyuzi za jeraha zilipotolewa, nilichukua kopo langu la peremende nikaenda kwa Yaya, mkono ukiwa bado kifuani. Siku hizi ni mzee wa kustaafu, watu wanamwamkia kwa kuinama. Nilimkuta barazani anasoma. Nikamwaga zile nyuzi tano juu ya mkeka mbele yake.

Hakuuliza ni nini. Aliziokota moja moja.

"Nilifungua nikaona ncha moja," akasema mwishowe. "Ingine ilikuwa imekimbia juu. Sikujua namna ya kuivuta. Nilifundishwa ngozi tu, Mwajuma, ngozi ya kichwa, ngozi ya mama aliyezaa. Ile hapana."

"Ungesema."

"Mama alikuwa pale mulangoni anajivuna."

"Na siku nilikuja kukuambia nilimuvuta Zaina? Siku ile uliwaza nini?"

Alizipanga zile nyuzi juu ya goti lake.

"Nilishukuru Mungu," akasema.

Nimeandika maneno hayo kama alivyoyatamka. Ningeweza kumsamehe sindano asiyoijua. Mji ulikuwa unakufa, wengi walifanya wasichofundishwa, na wengine waliokoa watu hivyo hivyo. Lakini nilikuja kwake na hatia yangu ya uongo, akaipokea akaona imemfaa, akaiacha ikae juu ya mtoto wa miaka miwili.

"Na mazoezi?" nikamuuliza. "Ya kila asubuhi?"

"Ili viungo isikauke. Nilisema vita itaisha, atakuja anayejua."

"Walikuja. Uliniambia watanikata vidole."

Nilielewa mwenyewe: anayejua angefungua, na akifungua ataona. Huyu mtu alinitunzia mlango kwa miaka yote, na kila nilipotaka kuupita alisimama mbele yake. Mpaka leo sijui nimweke wapi. Bila yale mazoezi yake nisingekuwa na mkono wa kurekebishwa. Najua. Inaniudhi kujua.

"Usiniombe mimi musamaha," nilimwambia. "Mwambie Zaina."

"Nitasema."

Hakusema. Mvua zilikwisha, hakusema. Kiangazi kiliingia, nikafanyiwa upasuaji wa pili, akaja wodini na wali na samaki, akakaa kwenye kiti, akazungumza na Zaina habari za bei za sokoni. Nilimtazama tu.

Majuma yaliyofuata yalikuwa magumu kuliko visu. Walinifunga kibao nyuma ya mkono, na raba mbili, kila moja kutoka ukucha hadi kifundo cha mkono. Kazi yangu ilikuwa kunyoosha vidole polepole mpaka viguse kibao, na raba ivirudishe. Kila saa mara kumi, si zaidi, na nisishike kitu. Kwa miaka ishirini nilijua kufanya kwa nguvu, sasa nilitakiwa kufanya kwa upole, na upole ulinitoa jasho. Mkono ulivimba, ngozi ikaambuka, kidole cha kati kikawa na harufu. Nililala nimeuweka juu ya mto kama mgeni. Nilikuwa mkali kwa Zaina bila sababu, naye alizidi kunihudumia, nikazidi kuwa mkali. Alidhani anavumilia maumivu yangu. Kumbe nilikuwa nashindwa kumtazama.

Baada ya raba kutolewa, daktari alisema, "Sasa Mama, kiambie kikunjike chenyewe." Niliona haya, maana mara ya mwisho kukiambia nilikuwa nimetua chini ya ua wa mabati. Nikakiambia. Kidole cha shahada kilitetemeka, kikasogea, kikashuka. Kile cha kati kilikifuata hadi nusu ya njia, na mpaka leo kinaishia karibu na hapo. Mchimbaji wangu wa Kama alikuwa mlangoni na gongo lake. Alipiga makofi, gongo likaanguka, tukacheka sote.

Yaya alikuja Ijumaa moja baada ya swala. Tulikuwa tumemaliza kula, mimi, Zaina, na mtoto wake mapajani. Hakukaa. Alisimama mbele ya Zaina na kofia yake mkononi, mtu mzima yule, akasema, "Zaina, si weye uliharibu mukono ya mama yako. Haikukuwa imeshonwa hata siku moja. Njo mimi. Nilijua tangu siku ile."

Zaina hakupiga kelele. Aliuliza swali moja tu.

"Mjomba, wakati nilikuwa nachota maji, nikiwa mudogo, ulikuwa unaniona?"

"Nilikuwa nakuona."

Aliitikia kwa kichwa. Yaya alingoja, hakuna aliyemkaribisha kiti, akavaa kofia yake akaenda. Hatujazungumza tena tangu siku ile, na nikisikia ni mgonjwa moyo hunishtuka kama zamani, kisha nakumbuka.

Kwa hiyo wewe wa benchini, ukishonwa, muulize aliyekushona: umeshona ndani? Nionyeshe. Muulize hata kama ni ndugu yako. Na kama una mtoto aliyebebeshwa neno kwa sababu ya ugonjwa wako, mwambie leo, usingoje upasuliwe kama mimi.

Yaya alipotoka tulibaki tumekaa palepale. Masahani machafu yalikuwa pale chini kati yetu. Mkono wangu ulianza kuyaendea, kwa mazoea tu ya kujaribu, nikangoja Zaina aruke kuyachukua, kama alivyoruka tangu alipojua kusimama. Hakuruka. Aliegemea ukuta, akanyoosha miguu, akamweka mtoto vizuri kifuani.

"Mama," akasema, "maji ya kuosha iko kwa pipa."

Nikainuka nikaenda kuosha. Nilivunja bakuli moja, na hakuna aliyekuja kunisaidia.